Ule ufukwe nao ni siasa

Juzi usiku rafiki yangu kanitumia video za zamani za Ufaransa, za mwaka 1936, watu wako ufukweni wanacheka, wengine wanaendesha baiskeli za watu wawili, kaandika "maisha ya raha kabla ya vita". Hapana jamani, hapo mi nakataa kabisa.

Raha ipi? Februari 13 mwaka huohuo Léon Blum, kiongozi wa chama cha kisoshalisti, alivamiwa ndani ya gari pale Boulevard Saint-Germain, Paris, vijana wa mrengo wa kulia wakampiga mpaka damu zikamwagika, na haikupita hata miezi minne akawa waziri mkuu, Myahudi wa kwanza kushika kile cheo. Wakati anaingia madarakani wafanyakazi karibu milioni 2 wako kwenye mgomo, tena hawakugoma kwa kukaa nyumbani, walilala humohumo viwandani.

Kuna kipande nimekirudia sijui mara ngapi. Geti limefungwa, kamba inashushwa kutoka juu ya ukuta, mama mmoja huku nje anatia mkate kwenye kikapu, kikapu kinapanda kinayumbayumba, na kule ndani kodiani inapigwa, wanaume na kofia zao wanacheza wao kwa wao. Na yule mama hata kura hana! Wanawake wa Ufaransa walipewa haki hiyo 1944, ingawa Blum aliwaweka wanawake watatu serikalini kwake.

Mgomo ndo uliowapa wiki ya kazi ya saa 40 na likizo ya wiki 2 yenye malipo, Léo Lagrange naye, aliyesimamia michezo na mapumziko kwenye serikali ya Blum, akahangaika nauli ya treni ikashushwa asilimia 40, watu wakajazana mabehewani kwenda baharini, wengi ndo mara yao ya kwanza. Matajiri waliozoea ufukwe wao peke yao waliudhika, wakawaita "congés payés", wale wa likizo za malipo, yaani haki ya mtu imegeuzwa tusi. Na Roger Salengro, waziri wa mambo ya ndani, magazeti ya kulia yalimzushia kwamba alitoroka jeshini vita ya kwanza, uongo mtupu, wakamwandama mpaka Novemba akajiua. Inauma sana.

Kwahiyo nikimwona yule mzee kakunja suruali anaingia majini polepole, anageuka kuangalia nyuma kama anaogopa kufukuzwa, mi siwezi kusema huyo yuko kwenye raha tu. Huyo kalala chini sakafuni kiwandani ndo akafika pale.