Lolote Litakalotokea, Usizime Kamera

Balaa langu lilianza mwaka 1929, kabla sijazaliwa. Mwaka huo Wahispania wawili, mwongozaji Luis Buñuel na mchoraji Salvador Dalí, walitoa Un Chien Andalou, filamu fupi isiyo na kichwa wala miguu, na ndivyo walivyotaka. Buñuel aliota wingu likiukata mwezi kama wembe unaopasua jicho, Dalí akaota mkono umejaa wadudu chungu. Wakaziunganisha ndoto zao wakapata filamu.

Jicho lililopasuliwa lilikuwa la ndama aliyekufa. Hilo sikulitaka. Lakini ule mkono! Chungu wanatoka kwenye tundu katikati ya kiganja, mwenyewe anawatazama tu kama anayeangalia saa. Nikajiambia, hii naiweza.

Tundu nililichora kwa wino, nikalizungushia asali. Chungu niliwachuma mtini, wekundu, pamoja na majani waliyoyashona wakakaa ndani. Rafiki yangu akashika kamera. Nikamwonya: lolote litakalotokea, usizime.

Sekunde kumi za mwanzo zilikuwa sanaa tupu. Kisha wakaipita asali kama hawaioni, wakaingia kwenye mkono wa shati. Wa kwanza aliniuma kwapani, akapinda tumbo, akanimwagia kitu palepale aliponing'ata. Ndipo nikakumbuka kwamba wadudu hawa huitwa majimoto.

"Nisaidie!"

"Safi sana! Rudia, ila usiangalie kamera!"

Ubaya wa filamu hizi ndio huo. Kwenye filamu ya kawaida ukipiga yowe, watu wanajua umeumia. Huku wanatafuta maana. Nikavua shati, akasogea karibu. Nikavua suruali, nikairusha bila kuangalia, ikaifunika kamera. Naye, mtiifu kupita kiasi, hakuizima wala hakuitoa suruali. Dakika mbili nzima ni giza, na sauti yangu ikimwita mama.

Buñuel alisimulia kwamba siku ya onyesho la kwanza alijaza mawe mifukoni, awapopoe watazamaji wakizomea. Mimi nilikwenda kwenye onyesho letu na dawa ya kupaka. Hakuna aliyezomea. Bwana mmoja mwenye miwani akanyoosha kidole.

"Lile giza refu linawakilisha nini?"

"Suruali," nikasema.

Akaandika kwenye daftari lake, akapiga mstari chini mara mbili.