Korosho Zimerudi, Viwanda Havijarudi

Msimu wa 1973/74 Tanzania ilivuna takribani tani 145,000 za korosho, nyingi zikitoka mikoa ya kusini. Kwa kutegemea mavuno ya namna hiyo, serikali ilikopa fedha, zikiwemo za Benki ya Dunia, ikajenga viwanda vya kubangua vyenye mitambo ya Italia na Japani. Mitambo ilipokuwa tayari, korosho zenyewe zilikuwa zinatoweka: wakulima wengi walikuwa wamehamishiwa vijiji vya ujamaa, mbali na mikorosho yao, bei waliyolipwa haikutosha hata kupalilia, na ubwiriunga, ugonjwa wa ukungu, ukawa unakausha maua kabla hayajashika. Kufikia 1986/87 mavuno yalikuwa chini ya tani 20,000.

Ndiyo maana sikubaliani na wanaosema kuwa viwanda vile viliuawa na ubinafsishaji peke yake. Vilianza kufa shambani. Ubinafsishaji wa miaka ya 1990 ulikuta mitambo imekwisha kunyamaza, na baadhi ya wanunuzi wakaona faida katika kuta na paa, majengo yakageuka maghala.

Lakini sababu ya kukosa malighafi sasa haipo, na hapo ndipo uchungu wangu ulipo. Kwa salfa, dawa ya kuzuia ubwiriunga, na kwa jasho la wakulima mikorosho ilifufuka, hata msimu wa 2017/18 tukavuna zaidi ya tani 300,000, na sehemu kubwa ikapakiwa melini pamoja na maganda yake kwenda kubanguliwa India na Vietnam.

Mama anayebangua kwa mkono hujipaka majivu vidoleni, kwa sababu mafuta ya ganda hubabua ngozi. Hupasua ganda akitoa kiini bila kukivunja, maana kikivunjika bei hushuka, kisha hukimenya utando wake mwembamba na kukipanga kwa daraja. Ujuzi huo tunao, na kiwandani ungempatia mshahara hata mnada wa kuuzia korosho za wakulima ukiisha.

Mbanguaji wa ndani hulazimika kununua katika wiki chache za mnada korosho za kumtosha mwaka mzima, akishindana na mfanyabiashara anayezipeleka nje na maganda yake, mwenye fedha mkononi. Nataka apewe nafasi ya kununua kwanza, kwa utaratibu usiobadilika kila msimu, na mkopo wa benki umfikie kabla mnada wa kwanza haujafunguliwa.