Nizwa Wanagawana Maji kwa Nusu Saa, Kilimanjaro Tunaacha Mifongo Ife

Milima ya Hajar, kaskazini mwa Oman, ni mawe matupu. Mvua ya mwaka mzima katika mji wa Nizwa, ulioko chini ya milima hiyo, haifiki hata milimita 200. Mimi natoka upande wa kusini wa Kilimanjaro, ambako viko vijiji vinavyopata zaidi ya milimita 1,500. Kwa hesabu ya mvua peke yake, kilio cha maji kingekuwa huku ninakofanya kazi, na raha ingekuwa kwetu. Lakini mitende ya Nizwa inanyweshwa kiangazi na masika kwa mifereji iliyochimbwa mamia ya miaka iliyopita, na kwetu mifongo mingi, mifereji ya jadi ya Wachagga, imefukiwa au imeota magugu. Jambo hili linaniuma, na naamini bado tunaweza kulirekebisha.

Mfereji wa Oman huitwa falaji, na upo wa aina tatu. Ghaili huchukua maji yanayopita juu ya ardhi kwenye mabonde ya milimani. Aini hutoka kwenye chemchemi. Ya tatu ni daudi, na hiyo ndiyo inayonistaajabisha kila nikiitazama. Wachimbaji hutafuta maji yaliyojificha ardhini karibu na mlima, wakachimba kisima kirefu kinachoitwa mama wa falaji. Kutoka hapo hutoboa njia chini kwa chini, pengine kwa kilomita kadhaa, yenye mteremko mdogo sana, mpaka maji yatokeze yenyewe juu ya ardhi kijijini bila kuvutwa na kitu chochote. Njiani huacha mashimo ya wima ya kutolea udongo na kuingizia hewa. Mteremko ukizidi, maji yanakula kuta za njia. Ukipungua, yanasimama na kujaa tope. Waomani husimulia kwamba Nabii Sulaiman bin Daud alipita nchini kwao, akasikitishwa na ukame, akawaamuru majini wachimbe mifereji 10,000 kwa siku kumi, ndiyo maana ikaitwa daudi. Ufundi wenyewe una ndugu zake kwingineko Asia: Iran wanazo kanati, na Turpan, magharibi ya mbali ya China, wanazo karezi. Shuleni tulifundishwa Asia ya mito mikubwa, Ganges na Huang He. Asia hii inayosafirisha maji chini ya jangwa sikuwahi kuisikia darasani, na ni hasara, kwa sababu ndiyo iliyo karibu na maisha yetu.

Ila uchimbaji ni nusu ya kazi. Nusu nyingine ni mgao. Maji yakishatokeza, mahali pa kwanza ni pa kuteka ya kunywa, na hapo hakuna anayezuiwa wala kulipishwa. Kisha huja msikiti, mahali pa kuogea, halafu mitende, na mwisho kabisa mashamba ya msimu. Mitende hutangulia kwa sababu mtende uliokauka huchukua miaka kuurudisha, lakini vitunguu na majani ya mifugo mtu anaweza kupunguza eneo mwaka wa shida akalima tena mwaka wa neema.

Hisa ya mkulima hupimwa kwa muda. Kipimo chake ni athar, takriban nusu saa ya maji. Zamani mchana walisoma kivuli cha kijiti kilichosimikwa kwenye uwanja uliowekwa alama, na usiku walifuata nyota. Siku hizi wengi hutazama saa. Kila falaji kubwa ina wakili anayeisimamia na arifu anayeshika zamu. Hisa hurithiwa, huuzwa, hukodishwa. Ziko hisa za wakfu wa msikiti, na ziko hisa za falaji yenyewe, ambazo hupigwa mnada na fedha yake hulipa mafundi wa kusafisha na kuziba nyufa. Hapa ndipo palipo na siri ya uhai wake: mfereji una mali yake wenyewe, kwa hiyo haungoji mfadhili wala ahadi ya mgombea.

Jirani yangu ni mzee aliyezaliwa Unguja, akaja Oman baada ya 1970, kama walivyokuja wengi wa familia za huko. Kiswahili chake kitamu hakijachuja. Nilimwamkia shikamoo jioni moja akiwa shambani kwake, nikamuuliza ikitokea tajiri wa mji anataka maji zaidi ya fungu lake inakuwaje. Akanijibu: "Hapa mkubwa ni zamu, mwanangu. Yako ikisha, wafunga."

Historia ya mifereji hii inagusa pwani yetu moja kwa moja. Ukoo wa Yaarubi, ulioshika uimamu wa Oman mwaka 1624, ndio uliowatoa Wareno Maskati mwaka 1650. Sultan bin Saif, aliyeongoza ushindi huo, ndiye aliyejenga mnara mkubwa wa mviringo wa ngome ya Nizwa. Mwanawe Saif bin Sultan ndiye ambaye majeshi yake yaliichukua Fort Jesus, Mombasa, mwaka 1698. Huyo huyo anakumbukwa hapa kwa kufufua falaji na kupanda mitende kwa wingi. Utajiri wa bahari ulipanda bara ukawa maji. Na lazima tuseme pia kwamba katika mashamba hayo walifanyishwa kazi watumwa, wakiwemo watu waliotolewa Afrika Mashariki. Ninapousifu ufundi huu, sitaki mtu adhani nimewasahau. Jasho lao limo ndani ya mifereji hii, na linastahili kutajwa kila ngome hizi zinapoonyeshwa kwa wageni.

Sasa turudi kwetu. Mfongo wa Mchagga ni ufundi wa daraja hilo hilo. Wazungu waliopanda mlima karne ya 19 waliustaajabia. Maji yalikingwa juu kwenye mto, yakazungushwa ukingoni mwa korongo, yakatiririka hadi kwenye vihamba, mashamba yanayozunguka nyumba. Yalijazwa kwenye nduwa, bwawa dogo la kuhifadhi maji, usiku ili asubuhi yafunguliwe kwa nguvu kwenye migomba na kahawa, na mengine yakashushwa hadi mashamba ya tambarare. Palikuwa na mzee wa mfongo, palikuwa na zamu, palikuwa na siku ya kusafisha, na asiyetokea alitozwa. Ukimweleza arifu wa Nizwa mpango huu hatahitaji maelezo ya pili.

Kwa nini basi wao wanazo falaji hai takriban 3,000 na sisi tunahesabu mifongo iliyokufa? Jibu la haraka ni mafuta. Silikubali. Fedha ya mafuta ilileta pampu, na pampu nusura ziziue falaji: visima virefu vilishusha maji ya ardhini na mifereji mingi ikakauka. Kilichookoa iliyobaki ni uamuzi. Serikali iliorodhesha falaji, ikazuia uchimbaji wa visima karibu na mama wa falaji, na ikaliacha suala la zamu mikononi mwa wenye hisa. Mwaka 2006 falaji tano, ikiwemo Daris ya hapa Nizwa, ziliingizwa kwenye orodha ya urithi wa dunia ya UNESCO.

Kwetu mambo yalikwenda kinyume. Sheria ya maji ya 1974 ilitaka kibali cha serikali kwa maji ambayo koo zilikuwa zikiyasimamia tangu mababu. Mabomba yalipofika, mfongo ukaonekana ni mambo ya kale. Vijana tukaondoka, bei ya kahawa ikaanguka, na siku ya kusafisha ikabaki ya wazee watatu wenye majembe. Sheria ya 2009 inaruhusu jumuiya za watumiaji maji, na huo ni mlango ulio wazi, lakini jumuiya isiyo na mfuko wake hufa mara tu semina inapokwisha.

Sitaki turudishe kila kitu. Mila ilimkataza mwanamke kufika kwenye banio la mfongo, pale maji yanapokingwa mtoni, wakati yeye ndiye alikuwa akihangaika na ndoo. Jumuiya ya leo isiyo na wanawake kwenye uongozi wake nisingeichangia hata shilingi.

Ninachotaka ni kile kipande cha hisa ya mfereji. Sisi tuliotawanyika Maskati, Dubai, London na Minnesota tunachanga kila mwezi kwa harusi na misiba ya nyumbani, na tunachanga vizuri. Nimependekeza kwenye kundi letu la kijiji tuanze na mfongo mmoja ambao bado unapitisha maji hadi karibu na shule: jumuiya isajiliwe na kupata kibali chake, zamu moja ya kila wiki iwe mali ya mfongo wenyewe na ikodishwe kwa walima mboga, na sisi tulio nje tulipie banio na mita mia chache za kwanza za saruji, mara moja tu. Baada ya hapo fedha ya zamu iwalipe vijana wa kusafisha. Mkutano wa kijiji ni Desemba, wengi wetu tutakuwa likizo.