Mama alidhani huku kuna ukame

Oktoba iliyopita nilimtumia mama picha ya mtaa wetu hapa Vermont, Marekani: miti imewaka nyekundu na njano, majani yamejaa chini hadi kifundoni. Akanipigia hapohapo. "Mwanangu, na huko mvua zimekata?"

Nilicheka, lakini yeye alikuwa karibu na ukweli kuliko mimi. Baridi ya huku ni kiangazi cha aina yake. Maji yapo, ila yameganda ardhini, mizizi haiyapati. Mti ukibaki na majani yake mapana utapoteza maji usiyoweza kuyarudisha, na theluji ikiyalalia, matawi yatavunjika. Basi siku zinapofupika unaanza kufunga hesabu. Unaivunja klorofili, ule ukijani, na naitrojeni, kirutubisho kilichomo ndani ya jani, inarudishwa kwenye matawi na shina, iwe akiba. Njano ilikuwamo tangu zamani, imefunikwa tu. Nyekundu ndiyo ya ajabu. Mti wa mepo (ule wanaougema utomvu wa kupikia sharubati, kama sisi tunavyogema mnazi) unaitengeneza upya, jani likiwa limebakiza siku chache. Inaitwa anthosianini, na wapo wataalamu wanaoiona kama mwavuli wa kulikinga jani na jua wakati akiba inahamishwa. Mwisho linaota tabaka kama kizibo penye kikonyo. Tunausingizia upepo, upepo hulikuta jani limeshaachiwa.

Kazini huniambia, "Pole, kwenu hamna majira haya." Hapo ndipo ninapochoka. Miti ya miyombo ya kwetu Tabora hupukutisha majani kiangazi kikikaza, kisha mnamo Septemba, mvua hazijanukia, inachipua majani mekundu kama shaba. Ni anthosianini hiyohiyo, ila huku ni ya jani linaloondoka, kule ni ya jani changa ambalo halijapata ukijani. Hakuna anayepanda ndege kwenda kuitazama, na mimi mwenyewe nilipita chini yake miaka yote ya shule bila kuinua kichwa.

Jumamosi majirani hutoka na mashine za kupuliza, wakayajaza majani kwenye mifuko ya karatasi yakachukuliwe. Mei wanakwenda dukani kununua mbolea! Mama naye huyafagia alfajiri na kuyachoma, hapo sina la kumtetea. Yangu nimeyaacha uani. Jirani ameshaniuliza mara mbili kama ninaumwa.