Anaitwa kumzika baba, haitwi shamba likigawanywa

Juzi jirani yangu kanipigia simu saa nne usiku analia, nikajua ni msiba tena, kumbe hapana, ni mambo ya shamba. Huyu dada ni Mwigbo wa Nigeria, upande wa Nsukka, kaolewa hapa hapa Dar, watoto wetu wamekua pamoja. Nitamwita Ada maana ndo cheo chake kwao, mtoto wa kike wa kwanza. Baba yake alifariki mwaka juzi. Sasa kaka zake wamekaa na umunna, wanaume wa ukoo, wamegawana nyumba, kiwanja, mashamba ya viazi vikuu mpaka michikichi, na yeye hata meseji hakutumiwa, habari kaipata kwa wifi yake. Alipopiga kuuliza akajibiwa neno moja, mila.

Sikulala usiku ule. Kwa sababu mazishi ya yule mzee mie nilikuwepo, nilimsindikiza Ada mpaka kijijini kwao, na niliyoyaona kule hayafanani kabisa na hilo neno walivyolitamka kwenye simu.

Nyinyi mnaoangalia filamu za Kinaijeria hawa mnawajua hata kama jina hamlijui. Ni wale kina mama wanaoingia msibani na vitenge vya sare, wanaongea kwa pamoja, mjane anatetemeka. Hao ndo umuada, mabinti wa ukoo. Binti akizaliwa kwenye ukoo ni wa ukoo mpaka afe, aolewe Lagos, aolewe Port Harcourt, aolewe Dar es Salaam, msiba ukitokea kwao anarudi, na akirudi harudi kama mgeni. Siku ile walifika na magari mawili ya kukodi na mikeka yao, wakaweka kambi uani, wakalala pale siku nne. Mkubwa wao bibi mmoja hana meno ya mbele, kaolewa vijiji vitatu kutoka pale miaka na miaka, akawaita kaka zake Ada mbele ya watu na kuwauliza mzee aliumwa lini, alipelekwa hospitali gani, nani alikuwa anamlisha, kwa nini paa la nyumba yake lilivuja masika yote. Kaka mmoja ana kampuni yake, mwingine ni mhandisi, wamesimama wameinamisha vichwa kama watoto wa shule. Ilibidi waombe radhi na walipe faini ndipo jeneza likatolewa. Umuada wasiporidhika mazishi hayasogei, na hakuna mwanaume pale aliyesema hawa wameshaolewa wanatuingiliaje.

Sasa naomba mtu anieleze maana mie nimeshindwa. Kama Ada ni wa ukoo kiasi cha kuweza kuzuia maiti ya baba yake isizikwe, inakuwaje si wa ukoo kamba ya kupimia shamba inapotolewa? Mbele ya jeneza ni binti yetu, shambani ni mke wa watu. Ndugu wakigombana wanampigia aje awapatanishe kwa sababu umuada neno lao linasikika kuliko la kaka mtu, mke wa ukoo akionewa au akionea wenzake anaitwa aje aseme nao, michango ya msiba anatajiwa kiasi chake kabisa na asipotuma anapigiwa simu, na yote hayo anafanya kwa jina la binti wa ukoo. Halafu ardhi, kitu kimoja tu ambacho kingempa pa kusimama siku ndoa ikimshinda, wanamwambia wewe utakula kwa mumeo. Na kwa mume akifiwa wanamwambia hii ni ya ndugu wa marehemu, rudi kwenu. Kwenu wapi? Huyu mtu ana vijiji viwili vinavyomdai kazi na hakuna hata kimoja chenye futi ya udongo ya jina lake!

Halafu kinachoniuma zaidi ni lile neno lenyewe, mila, kwamba ndivyo walivyokuwa toka zamani, mwanamke wa Kiigbo yeye na jiko lake. Si kweli. Ng'ambo ya magharibi ya mto Niger kuna Omu, mkuu wa wanawake, wala si mke wa mfalme, anasimama kwa nafasi yake mwenyewe na mambo ya soko yako chini yake. Kuna sehemu mwanamke mwenye uwezo alioa mke, akatoa mahari mwenyewe na watoto wakawa wa nyumba yake (wenzetu Wakurya wa Mara nao wana nyumba ntobhu, kwa hiyo asije mtu kushangaa hapa). Na mwanaume akimtesa mke au akiachia ng'ombe wake wakala mazao ya wanawake, wanawake walikwenda kumkalia. Wanajaa nyumbani kwake usiku na mchana, wanaimba makosa yake yote, wanacheza, wanagonga ukuta kwa michi ya kutwangia, hawaondoki mpaka akiri.

Ndicho walichowafanyia machifu waliowekwa na Waingereza mwaka 1929. Mnaojua mnajua, lakini ngoja niseme maana shuleni sie tulipewa mistari miwili tu. Mwaka 1928 wanaume walianza kulipishwa kodi ya moja kwa moja. Mwaka uliofuata, mwezi wa Novemba, kule Oloko, karani wa kuhesabu katumwa na chifu Okugo kaingia kwa mama mmoja anaitwa Nwanyeruwa, kamkuta anakamua mawese, kamwambia ahesabu mbuzi wake, kondoo wake na watu wake. Yule mama akamuuliza kama mama yake mjane naye alihesabiwa. Wakashikana. Nwanyeruwa akaenda moja kwa moja walikokuwa wamekutana wanawake wenzake, majani ya mchikichi yakatumwa kijiji kwa kijiji kuitana, na baada ya wiki chache maelfu ya wanawake, Waigbo na majirani zao Waibibio na wengine, wamezikalia nyumba za machifu wanadai kofia za uchifu zirudishwe. Okugo akavuliwa uchifu akafungwa. Askari walipiga risasi, wakafa wanawake zaidi ya 50. Serikali ikaandika kwenye vitabu vyake kwamba ni ghasia za Aba. Wenyewe wanasema Ogu Umunwanyi, vita vya wanawake.

Angalia sasa wale machifu walitoka wapi. Waingereza walipofika waliwatafuta wanaume wa kuwapa hati za uchifu, Omu wakampita kama hawamwoni, vikao vya wanawake wakavipita, mahakama zao wakaziweka mikononi mwa wanaume karibu peke yao, ukimtoa Ahebi Ugbabe wa Enugu-Ezike ambaye naye alipita njia ngumu mpaka akapewa hati mwaka 1918. Kwa hiyo sehemu kubwa ya hii mila anayosomewa Ada kwenye simu imepitia ofisi ya mkoloni kwanza. Sehemu kubwa nimesema, sijasema yote. Ardhi ya ukoo kushuka kwa watoto wa kiume ni ya wenyewe, na kola, ile kokwa wanayoivunja kukaribisha wageni, hata uwe bibi wa miaka 90 huivunji mbele ya wanaume, anaivunja kijana. Hayo nayakubali japo kwa shingo upande.

Na kuna jingine sina budi kulikubali. Wale wale umuada niliowasifia ndo mara nyingi wanaomsimamia mjane anyolewe nywele, akae chini, afungiwe ndani miezi, wakimtuhumu wanamtesa. Ubaya huo ulizidi mpaka jimbo la Enugu likatunga sheria ya kuwalinda wajane mwaka 2001. Nilimwuliza Ada kuhusu hili tukiwa kule kule akanyamaza sana, kisha akasema mama yake walimnyoa kwa upole. Mpaka leo sijui niliweke wapi jibu hilo.

Huyo mama yake namfahamu. Alikuja Dar Ada alipojifungua wa pili, wanaita omugwo, mama mzaa anakuja kumlea mzazi. Alikaa miezi mitatu kaja na viungo vyao vya uziza na uda kwenye begi, kila asubuhi anamkanda tumbo kwa maji ya moto, anampikia supu ya viazi vikuu yenye pilipili mpaka sie majirani tunapiga chafya, na mie nikampelekea uji wa pilipili manga akacheka akasema kumbe ni watu wamoja. Mwaka 1968 alikuwa msichana wa Biafra, ile sehemu ya mashariki iliyojitenga na Nigeria ikapigwa vita. Anasema akina mama walivuka mistari ya vita usiku kwenda kununua chumvi na chakula upande wa adui, wakaita ahia attack, wengine hawakurudi. Na aliposikia redioni kwamba Tanzania imeitambua Biafra, ya kwanza Afrika nzima, ndo siku alijua kuna nchi inaitwa hivyo. Leo mwanamke aliyelishwa na hao, na aliyezaa hawa, anaonekana hana damu ya kutosha kumiliki shamba.

Sheria ipo. Tarehe 11 Aprili 2014 Mahakama ya Juu ya Nigeria kwenye kesi ya Ukeje ilisema wazi kwamba mila ya Kiigbo ya kumnyima binti urithi wa baba yake inavunja katiba. Baba wa kesi hiyo alifariki mwishoni mwa 1981. Hesabu mwenyewe, zaidi ya miaka 32. Mwaka huo huo kwenye kesi ya mjane wa Awka asiye na mtoto wa kiume mahakama ile ile ikakataa afukuzwe kwenye nyumba ya mumewe. Na sisi tusijione, Holaria Pastory wa Bukoba naye ilibidi afike mbele ya Jaji Mwalusanya Mwanza mwaka 1990 ndipo ionekane mwanamke wa Kihaya anaweza kuuza ardhi aliyoachiwa na baba yake.

Nikamwambia Ada basi fungua kesi. Akaniambia dada, nikiwashtaki kaka zangu nani atanipokea umuada? Hilo ndo jibu lililoninyamazisha, maana hakuna jaji wa kumrudishia kile kikundi cha vitenge vya sare, na wao ndo nyumbani kwake kuliko hata lile shamba. Kaka zake wanalijua hilo vizuri sana, na ndo maana walitamka lile neno moja wakakata simu.

Kuna kaka wanaowagawia dada zao, wapo, hata kwenye ukoo ule ule mjomba wake mmoja kawapa mabinti zake viwanja kwa maandishi akiwa hai. Nashukuru. Ila mtu asiombe haki yake kama zawadi ya kaka mwema.

Jana Ada kanitumia picha ya kitenge, cha bluu na maua meupe. Shangazi yake amefariki, mazishi wiki ya tatu ya mwezi ujao, umuada wote wanatakiwa. Ameshakata tiketi. Ameniomba nimsaidie kutafuta fundi wa kumshonea upesi, na amesema safari hii kikao kikikaa uani, kabla hawajauliza la marehemu, yeye atasimama aulize la shamba mbele ya yule bibi asiye na meno ya mbele.