Zile pointi 6 za Detroit ambazo hazikuwepo

Kila Januari ikifika na timu za NFL (ligi ya futiboli ya Marekani) zikianza kupungua, stori ni ileile, eti kocha Dan Campbell aliwanyima Detroit Lions kwenda Super Bowl, fainali kuu ya ligi, kwa ubishi wake, angechukua tu mikwaju yake miwili ya pointi 3 sasa hivi tungekuwa tunaongea mengine. Na hesabu yenyewe inavyowekwa ni tamu kwelikweli: San Francisco 49ers 34, Lions 31, ongeza 6, Lions 37, wamepita, kwaheri. Mtoto wa darasa la pili anaielewa. Ndo maana haifi.

Kwa waliokuwa wamelala (na huku kwetu ilianza saa nane na nusu usiku wa kuamkia Jumatatu kwa hiyo simlaumu mtu), hii ni fainali ya NFC (nusu moja ya ligi, mshindi anaenda Super Bowl) ya Januari 28, 2024, pale Levi's Stadium, Santa Clara. Detroit walienda mapumziko wakiongoza 24-7. Wakarudi, 49ers wakafunga pointi 27 mfululizo bila kujibiwa, ikawa 34-24, Detroit wakapata tachidauni (kuufikisha mpira kwenye goli la mpinzani, pointi 6 na nyongeza) dakika ya mwisho, ikaishia 34-31. Katikati ya hayo maafa mara mbili Detroit walikuwa kwenye dauni ya nne (jaribio la mwisho kati ya manne ya kusogea yadi 10, ukishindwa mpira unaenda kwa mpinzani), wako karibu na milingoti kiasi cha kupiga mkwaju, na mara mbili Campbell akasema hapana, tunacheza. Ya kwanza robo ya tatu, wanaongoza 24-10, zinatakiwa yadi 2, mpira upo yadi ya 28 ya 49ers (yaani yadi 28 kufika mstari wao wa goli), mrushaji wa Detroit Jared Goff akarusha, mpira ukamgonga Josh Reynolds mikononi kabisa ukadondoka. Ya pili robo ya nne, zimebaki dakika 7 na nusu hivi, sasa wao ndo wako nyuma 27-24, zinatakiwa yadi 3, wapo yadi ya 30, Goff akabanwa akautupa kuelekea kwa Amon-Ra St. Brown, haukushikwa.

Wanaomlaumu wana hoja, nisiwe kama wale wanaowaita watu hawajui mpira. Hoja yao nzito ni ile ya dauni ya nne ya kwanza. Ukiongoza kwa 14 mpinzani anahitaji kufunga mara mbili, ukiongoza kwa 17 anahitaji mara tatu, na robo ya tatu inaenda kuisha, hiyo ni tofauti kubwa, sio pointi 3 za kawaida. Na Michael Badgley, mpiga mikwaju wao, wiki mbili tu kabla alikuwa amepachika mmoja wa yadi 54 dhidi ya Rams, kwa hiyo usije na stori kwamba hana mguu. Ya pili nayo inaeleweka: uko nyuma kwa 3, uko ugenini, uwanja mzima unapiga kelele, sawazisha kwanza, pumua, halafu tuone. Mtu wa ragbi yeyote wa Nairobi atakwambia hivyo hivyo, fainali ukipewa penalti mbele ya posti unachukua pointi, unarudi nusu yako, hakuna cha kukimbilia kona.

Sawa. Sasa tuanze na hizo pointi 6.

Mkwaju kutoka pale dauni ya nne ya kwanza ungekuwa wa yadi 46, wa pili 48, maana mpira unarudishwa nyuma kabla ya kupigwa na milingoti yenyewe iko nyuma ya mstari wa goli. Hiyo sio penalti ya Simba na Yanga. Badgley aliletwa kikosini Desemba tu, msimu unaelekea ukingoni, na nyumbani kwa Detroit ni uwanja wenye paa, hapa ni nje kwenye nyasi. Lakini tuwe wakarimu, tumpe 80 kwa 100 kila mkwaju. Kupata yote miwili ni 80 ya 80, yaani 64. Kwa hiyo hata kwa ukarimu huo, katika kila mara 100 hizo pointi 6 kamili hazipo mara 36! Ila watu wanaziandika kama mshahara uliokwishaingia benki.

Na hata hilo sio kubwa. Kubwa ni hili ambalo nashangaa halisemwi: Detroit waliposhindwa ile dauni ya nne ya kwanza, 49ers walipewa mpira wapi? Yadi yao ya 28. Wangepiga mkwaju ukaingia, kunafuata mpira wa kuanzia, na msimu ule ukipigwa hadi nyuma ya mstari wa goli timu inaanzia yadi ya 25. Yadi 3 tu tofauti! Tena wangepiga ukakosa, 49ers wanaanzia pale mkwaju ulipopigiwa, yadi ya 35 au 36 hivi, yaani pazuri zaidi kuliko walipopewa. Kwa hiyo hilo kosa la karne, lile lililowapa 49ers uhai, kiuwanja liliwagharimu Detroit karibu na bure, walichopoteza ni nafasi ya pointi 3, na walichokuwa wanakitafuta ni kuendelea na mpira ndani ya yadi 26 za goli wakiongoza kwa 14, pengine wapate 7 na mechi ife pale pale. Yadi 2 kwa safu ya mbele kama ile ya Detroit ni kitu cha kupata zaidi ya nusu ya mara. Watu wa takwimu walipopiga mahesabu yao tofauti kati ya kucheza na kupiga ilikuwa kidogo sana, na wengi waliegemea kucheza. Kidogo sana, sisemi kwamba Campbell alikuwa nabii. Nasema hakuna uamuzi wa kijinga hapo.

Halafu kuna jambo la kwamba ukibadilisha kitu kimoja kwenye mechi huwezi kubaki na vingine vyote kama vilivyo. Wanaoongeza 6 kwenye 31 wanaacha ule mpira uliofuata ubaki vilevile, na ule mpira jamani. Brock Purdy, mrushaji wa 49ers, karusha mbali, beki wa Detroit Kindle Vildor amekaa sehemu sahihi kabisa, mpira unakuja kwake, unapita mikononi unagonga chuma cha helmeti usoni, unaruka juu, na Brandon Aiyuk wa 49ers anayeanguka mbele anaudaka kabla haujagusa nyasi. Yadi 51. Baada ya mechi Aiyuk alisema kabla ya kuanza kale kadudu kekundu kenye madoadoa meusi kalitua kwenye kiatu chake, wenzetu wanaamini ni bahati. Sasa nani wa kumlaumu kwa hilo, kocha? Mara Aiyuk huyo huyo kafunga tachidauni. Mpira umerudi kwa Detroit, mchezo wa kwanza tu, Goff anampa Jahmyr Gibbs, hawaelewani, mpira chini, Arik Armstead wa 49ers kalala juu yake, muda mfupi baadaye mwenzake Christian McCaffrey kaingia, 24-24. Mpira kwenye helmeti na mpira uliodondoka mkononi mwa Gibbs havikuagizwa na dauni ya nne.

Watasema ile dauni ndo iligeuza upepo. Inawezekana kidogo, siwezi kukataa, wachezaji ni binadamu na Levi's iliamka kweli pale. Ila upepo huu una tabia ya kuonekana baada ya matokeo tu. Reynolds angedaka, na ulikuwa wa kudaka, watu haohao wangesema Campbell ana roho ya simba na timu inaitwa Lions, yaani simba, kwa sababu.

Ya pili hapo nakubaliana nao nusu. Uko nyuma kwa 3, sare sio kitu cha kudharau, na yadi 3 ni ngumu kuliko 2, mtu akisema angepiga simkatalii. Lakini angalia 49ers walifanya nini kipindi cha pili: walipata mpira wakafunga mkwaju, wakapata tachidauni, tachidauni, mkwaju, tachidauni. Mara tano wameugusa, mara tano wamefunga, hawakuzuiwa hata mara moja! Campbell alikuwa hapo pembeni anaona ulinzi wake umechoka, Purdy anakimbia mwenyewe pale anapokosa wa kumpa. Kwa hiyo sare ya 27-27 maana yake ni kuwarudishia mpira watu wasiozuilika zikiwa zimebaki dakika 7, na wao wakifunga tena uko nyuma vilevile. Mkwaju ungesawazisha ubao tu, kinachoendelea uwanjani usingekigusa.

Na hili la kuchukua pointi kana kwamba ni upande salama, hebu waulizeni Green Bay Packers. Fainali ya NFC ya Januari 2015 kule Seattle, Packers walifika yadi ya kwanza mara mbili mwanzoni mwa mechi, kocha wao Mike McCarthy mara mbili akachukua mkwaju, mapumziko wanaongoza 16-0, wakaishia kufungwa 28-22 muda wa ziada. Fainali ya Januari 2021, Packers hao hao wako nyuma 31-23 dhidi ya Tampa Bay, zimebaki dakika 2 na sekunde chache, dauni ya nne yadi ya 8, kocha wao Matt LaFleur akachukua pointi 3, ikawa 31-26, mpira hakuuona tena, Tom Brady wa Tampa akamaliza saa. Siku ile watu wakalia kwa nini hakucheza! Na ukitaka ya karibu zaidi, wiki mbili baada ya kuwatoa Detroit, kocha Kyle Shanahan wa 49ers alikuwa kwenye Super Bowl muda wa ziada, dauni ya nne, yadi ya 9 ya Kansas City Chiefs, akapiga mkwaju, 22-19, mrushaji wao Patrick Mahomes akaja akashuka uwanja mzima, Chiefs 25-22. Yaani wanaochukua pointi nao wanafungwa, ila lawama zao zinapoa haraka, kwa sababu walifungwa kwa adabu.

Hapo ndo naona Campbell haeleweki. Hii ni timu iliyofungwa mechi zote 16 mwaka 2008. Haijawahi kucheza Super Bowl hata moja. Mechi ya mtoano ilikuwa haijashinda tangu Januari 1992 mpaka ilipowatoa Rams Januari ile ile. Yeye alikuja 2021, msimu wa kwanza akashinda 3, na alichowajengea ni kwamba dauni ya nne kwetu ni dauni kama zingine, hatuombi ruhusa. Novemba 2023 dhidi ya Chargers, 38-38, mwishoni kabisa, yadi 2 zinatakiwa, wako yadi ya 26, nafasi karibu ileile, akacheza, Goff akampata Sam LaPorta, wakamaliza saa wakapiga mkwaju wakati wenzao hawana tena muda, 41-38. Hakuna aliyemwita mbishi. Sasa ukimfundisha mtu msimu mzima kwamba unamwamini, halafu fainali ukamwambia leo hapana, hiyo nayo ina gharama yake ambayo haionekani kwenye ubao. Na sio kichaa asiyejua kuhesabu, kwenye fainali hiyo hiyo sekunde za mwisho kabla ya mapumziko alikuwa yadi ya 3 na akapiga mkwaju, ndo ile 24 ilipotimia.

Kama mnamtafutia kosa la kweli njooni nalo hili ambalo halina kelele. Dakika ya mwisho, 34-24, Detroit wapo mlangoni, wana taimauti zao zote 3 (za kusimamisha saa), wanahitaji kufunga mara mbili. Dauni ya tatu, badala ya kurusha (mpira usiposhikwa saa inasimama yenyewe bure), wakampa David Montgomery akimbie, akarudishwa nyuma, saa inakimbia, ikabidi Campbell achome taimauti. Jameson Williams akafunga mchezo uliofuata zikiwa zimebaki sekunde 56. Mpira mfupi wa kubahatisha (wa kuanzia, Detroit wakitaka wauwahi wenyewe) ukadakwa na George Kittle wa 49ers, na kwa taimauti 2 tu 49ers waliweza kupiga goti (kuua mchezo huku saa inakwenda) mpaka mwisho. Angekuwa na ya tatu, wangelazimika kuurudisha mpira kwa Goff zikiwa zimebaki sekunde kama 40, nyuma kwa pointi 3. Baadaye Campbell alisema alikuwa na imani kwamba ile mbio ingeingia tu. Haikuingia, na hiyo haihitaji mahesabu ya 80 kwa 100 wala kadudu kwenye kiatu, inahitaji tu kuangalia saa.