Swali ambalo Kerri Strug hakujibiwa

Tarehe 23 Julai 1996, mjini Atlanta, kwenye fainali ya timu za wanawake ya jimnastiki katika Olimpiki, msichana Mmarekani wa miaka 18 aliuliza swali fupi: hivi tunauhitaji huu mruko? Alikuwa ameshaanguka kwenye mruko wa kwanza, kifundo cha mguu wa kushoto kimeumia, na farasi, kile kifaa cha kurukia, anamsubiri kwa mara ya pili. Kocha wake, Béla Károlyi, akampigia kelele: unaweza! Yeye aliuliza kama kuna haja, akajibiwa kuhusu uwezo. Karibu miaka 30 imepita, na kwangu mimi ubishi wote kuhusu Kerri Strug, kama ilikuwa sawa aruke akiwa ameumia, umelala papo hapo.

Strug ni mtoto wa Tucson, Arizona. Akiwa na miaka 13 aliondoka kwao kwenda Houston kufanya mazoezi chini ya Károlyi. Kwenye Olimpiki ya Barcelona 1992 alikuwa mdogo kuliko wote kwenye timu ya Marekani, miaka 14, na wakarudi na shaba. Fainali ya mchezaji mmoja mmoja aliikosa kwa tofauti ndogo mno, kwa sababu kila nchi iliruhusiwa kuingiza watatu tu na yeye alikuwa wa nne. Kisha 1993 akachanika msuli wa tumbo, 1994 akaanguka kutoka kwenye vyuma vya kuning'inia na kuumia mgongo. Aliirudia Olimpiki pale Atlanta akiwa na deni lake mwenyewe la kulipa, na hilo lazima likumbukwe kabla hatujamgeuza kuwa mtoto aliyeburutwa.

Usiku ule Marekani walikuwa wanamalizia kwa kuruka farasi. Dominique Moceanu, miaka 14, alianguka mara mbili. Strug naye akaanguka, akapata 9.162. Mara ya pili alikimbia kwa mguu ule ule mbovu, akajipindua kwenye ubao, akamgusa farasi kwa mikono, akazunguka hewani mara moja na nusu, akatua kwa miguu miwili. Mara moja akaunyanyua wa kushoto, akaruka kidogo kwa wa kulia kuwageukia waamuzi, akainua mikono, kisha akapiga magoti na kutambaa. Akapewa 9.712. Marekani 389.225, Urusi 388.404. Ilikuwa dhahabu ya kwanza ya timu ya wanawake wa Marekani katika jimnastiki, na Károlyi akambeba mikononi hadi jukwaani.

Wanaoutetea mruko ule wana hoja nzito, na sisi Watanzania tunaielewa haraka kuliko wengi. John Stephen Akhwari aliumia goti kwenye marathoni ya Mexico 1968, akaingia uwanjani zaidi ya saa moja baada ya mshindi, bandeji mguuni, giza limeshaingia. Alipoulizwa kwa nini hakuacha, alisema nchi yake haikumtuma maili 5,000 kwenda kuanza mbio, ilimtuma kwenda kumaliza. Maneno hayo tunayasimulia kwa fahari mpaka leo, na nani hapa Dar angethubutu kusema Akhwari alikosea? Strug mwenyewe ameshikilia kwamba uamuzi ulikuwa wake. Kumwambia mtu mzima wa miaka 18 kwamba hakujua anachofanya ni kumvua heshima aliyoilipia kwa mwili.

Wanaompinga Károlyi hukimbilia hesabu. Wachezaji sita waliruka, alama tano bora zikahesabiwa. Bila mruko wa pili wa Strug, ingehesabiwa 9.200 ya Moceanu, na Marekani wangeshinda hata hivyo kwa 0.309. Hoja hii hainitoshi. Wakati Strug anasimama mwanzoni mwa njia ya kukimbilia, Warusi walikuwa bado wanamalizia zoezi lao la sakafuni, na hakuna aliyeijua jumla ya mwisho. Si haki kumhukumu mtu kwa jibu lililopatikana baada ya mtihani kwisha.

Ila hoja iliyo chini ya hesabu hiyo naikubali. Kama hakuna aliyejua, basi jibu la kweli kwa swali lake lilikuwa "hatujui". Mtu akiambiwa "hatujui, na kifundo chako hakijapimwa", anaweza kuchagua. Akiambiwa "unaweza", pengine amebakiwa na kuonyesha tu kama ni mwoga au si mwoga.

Nilicheza halaiki nikiwa darasa la sita. Mazoezi yalifanyika Uwanja wa Taifa wa zamani, huu tunaouita Uhuru sasa, jua la Temeke likituchoma utosini. Kundi letu lilijenga piramidi. Siku mbili kabla ya sherehe, msichana wa safu ya juu aliteleza akatua vibaya, kifundo kikavimba kama embe dodo. Akachuliwa, akafungwa kitambaa cha khanga, akaambiwa ajikaze, zimebaki siku mbili. Akajikaza. Siku yenyewe alipanda, akanyoosha mikono, uwanja mzima ukalipuka kwa makofi. Mimi nilikuwa chini yake. Mguu wake ulikuwa begani kwangu, na mpaka leo nakumbuka ulivyokuwa unatetemeka. Hakuna aliyemlazimisha, wala hakuna aliyemuuliza.

Ndiyo maana mfano wa Akhwari, pamoja na uzuri wake wote, unanifikisha nusu ya njia tu. Akhwari alikuwa na miaka 30, peke yake barabarani, na angeweza kupanda gari wakati wowote. Strug alikuwa amezungukwa na watu wazima ambao kazi yao ilikuwa kumtunza: kocha, viongozi, wahudumu wa afya. Miongoni mwa hao wa mwisho alikuwepo Larry Nassar, aliyehukumiwa kifungo mwaka 2018 kwa kuwadhulumu kingono wasichana wa mchezo huo kwa kisingizio cha matibabu. Na mchezo wenyewe ulishaonywa. Elena Mukhina, bingwa wa dunia wa 1978, alirudishwa kwenye mazoezi mazito mguu wake uliovunjika ukiwa haujapona vizuri. Julai 1980 akavunjika shingo mazoezini mjini Minsk, akapooza hadi alipofariki 2006.

Siku hizi watu humlinganisha Strug na Simone Biles, mwanajimnastiki mwenzake wa Marekani, aliyejitoa kwenye fainali ya timu Tokyo mwaka 2021 baada ya kupoteza mwelekeo hewani. Marekani wakapata medali ya fedha, yeye akatukanwa, na Paris 2024 akarudi kuchukua dhahabu tatu. Nampongeza kwa moyo wote. Lakini Biles alikuwa na miaka 24 na dhahabu nne za Rio kabatini. Neno "hapana" alikuwa na akiba ya kulilipia. Strug hakuwa na medali yoyote ya Olimpiki ya peke yake, na kwa mazingira ya 1996, kukataa kungemfanya aitwe msichana aliyeipoteza dhahabu nyumbani kwao. Ukimlaumu kwa kuruka, unamdai ujasiri wa aina mbili kwa usiku mmoja.

Tangu 1997 umri wa chini kwa mashindano makubwa ya wanawake ni miaka 16. Ni hatua, ingawa Strug asingeguswa nayo pale Atlanta. Kilichokosekana ni mtu asiye kocha, mwenye mamlaka ya kusema basi, tena kwa sauti inayosikika kuliko ya kocha. Kwenye halaiki yetu hakuwepo.

Siku mbili baada ya dhahabu ile, ilifanyika fainali ya mchezaji mmoja mmoja, ile aliyoikosa Barcelona. Safari hii Strug alikuwa amefuzu. Labda mruko wa kwanza peke yake ungeshamtoa, hilo lazima lisemwe. Kano za kifundo zilikuwa zimechanika, akajitoa, na nafasi yake akapewa Moceanu.